Bingwa wa Kukumbuka

Palikuwa na baba mmoja, mzaliwa wa 1983, mkazi wa mtaa mmoja wa Dar es Salaam. Kila jioni aliingia kwenye kundi la WhatsApp la waliosoma naye shule ya msingi, na humo hakuna aliyemshinda kwa kukumbuka. Alisimulia kombolela iliyochezwa hadi kopo likabondeka, wasichana wakijaza mchanga kwenye chupa katika rede, wavulana wakipiga chandimu kwa mpira wa makaratasi. "Televisheni Bara imekuja 1994, mkongo wa intaneti ukafika 2009," aliwakumbusha. "Sisi tumekuzwa na vumbi!" Wenzake wakammiminia vicheko.

Sebuleni, wanawe wawili nao walikuwa wameinamia simu. "Tokeni nje mcheze!" aliwafokea.

Wakati huo, uwanja wa nyuma ya nyumba yao ulikuwa ukiliwa. Lilianza banda la chipsi kwenye kona. Yakafuata malori yaliyolala hapo usiku. Kisha yakashushwa matofali. Mwenyekiti wa mtaa akaitisha mkutano kuhusu eneo hilo la wazi. Gari la matangazo likapita, na ujumbe ukatumwa kwenye simu za wakazi. Baba aliusoma akaupita, kwa kuwa alikuwa akitafuta picha ya zamani ya timu yao ya chandimu. Mkutanoni walijaa wenye mabanda. Asiyekuwepo na lake halipo.

Siku umeme ulipokatika na simu kuisha chaji, watoto walitii. Wakatoka na mpira, na punde wakarudi. "Baba, tukachezee wapi? Barabarani bodaboda wanatufukuza, na uwanjani kuna ukuta." Alipokwenda kuhakikisha, aliukuta ukuta umeshapigwa lipu na geti limefungwa kufuli.

Usiku akaandika kundini kwa uchungu, akiulaani mtandao kwa kuwaibia watoto utoto wao. Dada mmoja akamjibu: "Kaka, simu haijengi ukuta. Siku ya mkutano ulikuwa wapi?"

Funzo ni hili: anayetaka mwanawe acheze nje, ailinde kwanza hiyo nje. Ajue mipaka ya eneo la wazi la mtaa wake, ahudhurie mkutano, apinge tofali la kwanza badala ya kusubiri geti. Kuyasifu ya zamani ni haki ya kila mtu, ila sifa hazimpi mtoto mahali pa kukimbilia.