Kamera ya sebuleni: nani ametoa idhini?

Anayeingia leo katika maduka ya Kariakoo kutafuta runinga ya nyumbani huulizwa mambo mawili: anataka inchi ngapi na ana shilingi ngapi. Haulizwi jambo la tatu, ambalo kwa maoni yangu lilistahili kuwa la kwanza. Kifaa hiki kikishaingia ndani kwako kitaona nini, kitasikia nini, na kitampelekea nani? Runinga ya zamani, ile ya chogo, ilikuwa ikitazamwa tu. Ya sasa nayo inatazama.

Wenyewe tumeziita simu janja na runinga janja, na siku hizi wapo wanaouza hata taa janja na kufuli janja. Aliyelichagua neno hili pengine alikusudia sifa, lakini katika Kiswahili chetu mjanja si lazima awe mtu mwema. Mara nyingi ni yule ambaye chenji yake unaihesabu mara mbili.

Niseme mapema kuwa simo katika kundi la wanaoona kila kitu kipya ni fitna. Wazee wetu walibishana juu ya kipaza sauti msikitini, na leo hakuna anayekumbuka hoja za ubishi ule. Suala langu si kama vifaa hivi ni halali. Suala ni namna tunavyovichagua na tunavyoviweka, na haki ya nani inaguswa tunapofanya hivyo.

Kwamba vifaa hivi hupeleka habari nje si uzushi. Februari 2017 kampuni ya runinga ya Vizio ya Marekani ilikubali kulipa dola milioni 2.2 kumaliza shauri lililohusu runinga milioni 11 zilizokuwa zikikusanya habari za kile wenye nyumba wanachotazama, bila ridhaa yao. Mwezi huo huo Ujerumani ilipiga marufuku mwanasesere aitwaye Cayla, aliyekuwa akizungumza na watoto kupitia intaneti, kwa kumhesabu kuwa chombo cha siri cha upelelezi. Mwaka 2023 Tume ya Biashara ya Marekani ilieleza kuwa mfanyakazi mmoja wa Ring, kampuni ya kamera za nyumbani, alikuwa mwaka 2017 akitazama kwa miezi kadhaa maelfu ya video za wanawake, zilizochukuliwa na kamera walizofunga wenyewe vyumbani na bafuni. Na asidhani mtu kuwa kitu chenye jina la dini kimesalimika. Novemba 2020 iliandikwa huko Marekani kuwa Muslim Pro, programu ya nyakati za sala iliyokuwa imepakuliwa zaidi ya mara milioni 98, ilikuwa ikipeleka taarifa za mahali walipo watumiaji kwa kampuni ambayo wateja wake walikuwamo wakandarasi wa jeshi la Marekani. Wenye programu walitangaza kuvunja uhusiano huo, lakini hilo lilikuja baada ya habari kuchapishwa.

Haya tunayasoma na kuyalaani kwa sauti kubwa, na ni haki kuyalaani. Ila mimi linalonisumbua zaidi liko karibu zaidi. Linahusu tunayofanyiana sisi kwa sisi ndani ya nyumba zetu, bila Marekani kuhusika.

Jirani yangu mmoja, mfanyabiashara na mtu wa safu ya mbele msikitini, alinionesha simu yake tukiwa barazani baada ya Alasiri. "Shekhe, siku hizi nyumba iko kiganjani," akaniambia. Ilikuwa sebule yake. Msichana wa kazi alikuwa amekaa mkekani anakunja nguo, kichwa wazi, khanga kiunoni, kama akaavyo mwanamke anayejua yuko peke yake. Nikageuza uso. Nikamuuliza, je, anajua? Akanijibu, anajua nini?

Tulitazame hili kwa utulivu. Mwanamume huyu asingethubutu kukaa na msichana yule, asiye maharimu wake, chumba kimoja na mlango umefungwa. Akirudi nyumbani hubisha hodi na kukohoa kwanza ili wanawake wajisitiri. Lakini akiwa dukani humtazama kuanzia saa tatu asubuhi hadi jioni, na hahisi kuwa amefanya jambo. Hodi imebaki mlangoni, jicho limepita dirishani.

Surat An-Nur inatufundisha kutoingia nyumba za watu bila idhini na salamu. Kisha aya ya 58 inaingia hadi ndani ya nyumba yenyewe, ikataja nyakati tatu ambazo hata watumishi na watoto wa humo humo hawana budi kuomba ruhusa: kabla ya Alfajiri, adhuhuri watu wanapovua nguo, na baada ya Isha. Najua atatokea mtu aseme aya hii inamsitiri bwana mbele ya mtumishi, siyo mtumishi mbele ya bwana. Kwa lafudhi yake ni kweli. Lakini sababu iliyotajwa ni kuvuliwa kwa nguo na kuwa wazi kwa mwili, na katika hilo bwana na mtumishi ni sawa. Joto la Dar es Salaam halimchagui mwenye nyumba peke yake. Tena katika nyumba zetu nyingi binti huyu hana chumba. Analala hapo hapo sebuleni, kwenye godoro linalotandikwa watoto wakishalala. Kamera haijui nyakati tatu. Ina wakati mmoja tu, nao ni saa ishirini na nne.

Hoja ya upande wa pili ni nzito na sitaki kuipita juu juu. Watoto ni amana. Novemba 2014 dunia nzima iliona video ya yaya wa Kampala akimpiga na kumkanyaga mtoto mdogo, na mwezi uliofuata alihukumiwa kifungo cha miaka minne. Bila kamera nani angejua? Mzazi aliyeiona video ile akanunua kamera kesho yake simlaumu. Lakini baba yule wa Kampala alifunga kamera baada ya kuona michubuko kwa mwanawe. Alikuwa na dalili. Tulichokatazwa katika Surat Hujurat ni dhana mbaya na kupelelezana. Anayetafuta ukweli wa jeraha aliloliona hayuko sawa na anayemhesabu kila msichana wa kijijini kuwa mhalifu tangu siku anaposhuka stendi na begi lake. Kwa mzazi asiye na dalili lakini ana hofu, ipo njia nyepesi: amwambie binti tangu siku ya kwanza kamera iko wapi, na simu inayoitazama iwe ya mama. Anayejua kuwa anaonwa hujisitiri, na mtoto analindwa vile vile.

Kisha wapo wageni. Mkeo ana darsa la wanawake nyumbani kwako kila Jumamosi. Wanaingia, wanavua buibui kwa sababu hakuna wanaume. Ukutani pana kitu cheupe kidogo kinachowaka taa. Wewe unaweza kuitoa sitara yako ukipenda, lakini sitara ya mke wa mwenzio si mali yako.

Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika hapa Tanzania tarehe 1 Mei 2023, ni jambo jema, kama ilivyo ile ya Kenya ya mwaka 2019. Ila afisa hatakuja kukagua kamera yako imeelekezwa wapi. Hilo unalimaliza dukani na mwenyewe. Muulize muuzaji kama kamera inaweza kuhifadhi picha kwenye kadi yake bila kuzipeleka nje ya nyumba. Badilisha neno la siri lililokuja nalo, maana mwaka 2016 kirusi kilichoitwa Mirai kiliteka mamia ya maelfu ya vifaa, zikiwamo kamera nyingi, kwa sababu wenyewe waliacha maneno ya siri ya kiwandani. Ielekeze getini. Na runinga janja ambayo unaitazamia taarifa ya habari na mpira kwa king'amuzi, sioni kwa nini iunganishwe na intaneti.

Wapo walioniuliza kuhusu baba aliyeko Maskati kikazi, familia yake iko Temeke, anataka kamera ili awaone wanawe wakikua. Namwelewa sana. Lakini yeye tayari ana simu ya video, nayo huita kabla ya kuonesha. Mke hupata muda wa kuvuta mtandio, watoto hukimbilia, na siku ambayo nyumba haiko tayari simu huachwa iite. Akipiga mara tatu isipokewe, basi na angoje, kama tulivyofundishwa mlangoni kwa watu.