SATARANJI NA AMANA YA AKILI

Watu huuliza: Je, sataranji ni halali au ni haramu? Suali hili ni la zamani, na wanavyuoni wamekwisha kulijibu. Wa madhehebu ya Hanafi na Maliki na Hanbali wameuharimisha mchezo huu. Ama sisi watu wa pwani, tufuatao madhehebu ya Imamu Shafi, kauli mashuhuri kwetu ni kwamba ni makuruhu, maadamu hapana kamari ndani yake, wala haumpitishii mtu wakati wa Sala, wala haumtii maneno machafu ulimini. Yakiingia hayo, huwa haramu. Basi katika hilo hatuna la kuzidisha.

Lakini liko suali jingine nyuma ya hilo. Mtu aliyepewa akili kubwa na Mola wake, akaitumia katika mchezo, je, ameitekeleza amana au ameipoteza? Hili halijibiki kwa neno moja. Na tuzingatie maisha ya waliokuwa mafundi wa sataranji, tuone mchezo uliwapa nini na uliwachukulia nini.

Abu Bakr Muhammad bin Yahya as-Suli aliishi Baghdad katika zama za Bani Abbas. Khalifa al-Muktafi, aliyetawala tangu mwaka 902 hata 908, alikuwa na mchezaji wake ampendaye, jina lake al-Mawardi; as-Suli akacheza naye mbele ya Khalifa, akamshinda. Fumbo moja la sataranji alilolitunga lilikaa miaka kama elfu, hata Mrusi mmoja, Yuri Averbakh, akalifumbua katika karne ya 20. Lakini as-Suli hakuwa mchezaji tu. Alikusanya diwani za washairi, akaandika habari za Makhalifa, akamsomesha ar-Radi kabla hajawa Khalifa. Leo wako wasomao vitabu vyake vya tarehe wasiojua kete moja iendavyo. Mchezo kwake ulikuwa kama pete: pete hupamba mkono, wala mkono haukuumbwa kwa ajili ya pete.

Sasa mtazame Paul Morphy, aliyezaliwa New Orleans, Marekani, mwaka 1837. Alimaliza masomo ya sharia kabla hajafika umri wa kuruhusiwa kufanya uwakili, na katika kungoja huko akashika sataranji. Mwaka 1857 alishinda mashindano makubwa ya New York. Mwaka wa pili akaenda Ulaya, akamshinda Anderssen, Mjerumani aliyekuwa akihesabiwa wa kwanza, na akacheza na watu wanane kwa mara moja bila ya kuutazama ubao. Aliporejea kwao akataka kuuacha mchezo, awe wakili. Lakini watu waliomjia walitaka kuzungumza sataranji, si kesi zao, na uwakili wake haukusimama. Baadaye akili yake ikaingiwa na dhana za kuwa anaandamwa na maadui, na mwaka 1884 akafariki akiwa na miaka 47. Tusiseme kwamba sataranji ndiyo iliyomtia maradhi, kwani maradhi ya akili huwashika hata wasioijua. Tuseme hili tu: sifa aliyoipata katika miaka michache ilimfungia mlango wa kazi aliyoitaka.

Robert Fischer naye alizaliwa Chicago mwaka 1943. Akaacha shule akiwa na miaka 16, akajitia wote katika mchezo. Mwaka 1972, huko Reykjavik katika Iceland, alimshinda Spassky wa Urusi akawa bingwa wa dunia. Mwaka 1975 ilimpasa kucheza na Karpov. Akataka masharti yasiyokubaliwa yote, na ubingwa ukamtoka pasi na kusogeza kete. Akajificha hata 1992, alipokwenda kucheza Yugoslavia kinyume cha amri ya serikali yake, asiweze kurudi kwao tena. Ulimi wake ukajaa chuki na matusi. Alifungwa Japani mwaka 2004, na Iceland ikamwonea huruma ikampa uraia. Huko alikufa mwaka 2008, umri wake miaka 64, sawa na idadi ya nyumba za ubao.

Wa mwisho ni ndugu yetu katika dini, Mir Sultan Khan wa Punjab. Baba yake alimfunza mchezo kwa kanuni za Kihindi, ambazo si za Ulaya. Mwaka 1929 Sir Umar Hayat Khan, mwenye mashamba aliyemfadhili, alimchukua London; na mwaka ule ule akawa bingwa wa Uingereza, kisha akawa tena mwaka 1932 na 1933. Huko Hastings alimshinda Capablanca wa Cuba, aliyekuwa amekwisha kuushika ubingwa wa dunia. Sir Umar aliporudi kwao, Sultan Khan akarudi naye, na sifa zake zikaishia hapo. Akakaa shambani kwake, akalea watoto wake, akafariki mwaka 1966. Mwanawe amesimulia kwamba hakuwafundisha sataranji, bali aliwataka washike lenye manufaa zaidi. Chama cha sataranji cha dunia kilimpa cheo chake cha heshima mwaka 2024, naye yu kaburini.

Wako wamsikitikiao kwamba kipawa chake kilizikwa shambani. Nami nasema, masikitiko hayo yana haki yake, maana kwenda na kurudi kwake kulifuata safari za mwingine. Lakini nani katika wawili hawa aliyepoteza: Fischer, ambaye alipouacha mchezo hakubakiwa na kitu, au Sultan Khan, ambaye mchezo ulipomwacha alibakiwa na nyumba, na watoto, na shamba?

Mtu atasema: Sataranji yafundisha subira na kutazama mwisho wa jambo. Ni kweli. Tena Lasker, aliyekuwa bingwa wa dunia miaka 27, alikuwa mwanachuoni wa hesabu. Euwe wa Uholanzi alikuwa mwalimu, na Botvinnik wa Urusi mhandisi wa umeme. Lakini faida hiyo hujulikana inapotoka ubaoni. Ama mtu aonaye hatua sita za kete, asione ada ya mwanawe wala deni la dukani, huyo subira yake imebaki kwenye nyumba 64.

Basi, ndugu yangu, ukikaa barazani kwa sataranji, au bao, au karata isiyo ya kamari, sikuambii kwamba saa ya mapumziko ni dhambi. Bali jiulize: Kete zikikusanywa zikatiwa mfukoni, mimi nabakiwa na nini? Ukiwa na jawabu, mchezo ni mtumishi wako. Usipokuwa nalo, wewe ndiwe mtumishi wake, na umri uliotumika humo utaulizwa siku isiyo na mchezo wa pili.

Wabillahi taufiki.