Mrekodi Angali Hai

 Kama uko Satwa, Dubai, mtaa wa mafundi cherehani na maduka ya vitambaa, mkumbuke leo Nujoom Alghanem, mzaliwa wa jiji hilo. Ni mshairi, aliwahi kuwa mwandishi wa habari, na ni mtengenezaji filamu anayejitegemea. Mwaka 2010 alitoa Hamama, filamu ya bibi mganga wa tiba za asili. Mwaka 2014 ikafuata Nearby Sky, inayomhusu mama aliyethubutu kuingiza ngamia wake kwenye mashindano ya urembo yaliyotawaliwa na wanaume. Katika Hamama hakukimbilia staa, alimsikiliza mzee. Nawe simu unayo. Muombe mzee wako ruhusa, mrekodi akisimulia maisha yake. Usingoje tanzia.