Ushindi ni wa Nani?

Msomaji mpenzi, nina swali la haki ambalo nimelibeba kwa miaka kadhaa, na nakuomba unisaidie kulitua. Lilizaliwa katika chumba kimoja cha ghorofani huko Muthangari, upande wa magharibi wa jiji la Nairobi, ambamo vijana watano walikuwa wakicheza mchezo wa kompyuta. Mimi nilikuwa mmoja wao. Swali lenyewe ni hili: Je, ni haki mtu awe maskini ili mwenziwe awe tajiri, ikiwa utajiri wa huyo mmoja ndio utakaowapa wote ushindi?

Hapana budi kwanza nikueleze mchezo, maana baadhi yenu mnaujua kuliko mimi, na baadhi hamjauona. Aina hii ya mchezo ilipata umbo lake katika mchezo ulioitwa Dota, ulioanza mwaka 2003. Ukafuatwa na League of Legends mwaka 2009, na Dota 2 mwaka 2013, na Mobile Legends mwaka 2016, ambao huchezwa kwa simu. Majina ni mengi lakini mpango ni mmoja. Timu mbili za watu watano watano hukabiliana katika uwanja wa mraba. Kila timu ina ngome yake katika pembe moja, na baina ya ngome hizo zimepita njia tatu zenye minara ya ulinzi. Baina ya njia na njia kuna msitu. Askari wadogo wasioongozwa na mtu hutoka ngomeni kila baada ya muda mfupi, wakashika njia zao na kupigana na askari wa upande wa pili. Kila mchezaji huongoza shujaa mmoja, akiwasaidia askari hao. Timu itakayobomoa kitovu cha ngome ya adui ndiyo mshindi. Haidhuru imeua mara ngapi, wala haidhuru imeuawa mara ngapi.

Hapo ndipo wanaoanza hupotea. Shujaa aliyeuawa hufufuka baada ya muda na kurudi vitani, lakini katika Dota 2 mnara ulioanguka hausimami tena. Basi mchezaji mwenye busara, akisha kumwua adui, haendi kumsaka wa pili. Hugeuka akaupiga mnara ilhali mlinzi wake hayupo. Nimeona timu zilizoua mara hamsini zikashindwa na timu zilizoua mara thelathini, kwa sababu ya kwanza ilipigania sifa na ya pili ilipigania minara. Kadhalika muda wa kungojea kufufuka hurefuka kadiri mchezo unavyoendelea. Kufa mwanzoni ni hasara ndogo. Kufa katika dakika ya arubaini yaweza kuwa mwisho wa wote watano.

Sasa tuje kwenye dhahabu, maana ndiyo chimbuko la swali langu. Katika Dota 2, askari mdogo wa adui akifa, dhahabu yake hupewa yule tu aliyempiga pigo la mwisho. Kwa dhahabu hiyo mchezaji hununua silaha na ngao. Walakini uwanja hauna dhahabu ya kuwatosha watano sawasawa. Watu wawili wakisimama katika njia moja na kugawana nusu kwa nusu, wote wawili hubaki dhaifu, na adui aliyempa mmoja wao chakula chote atawatembeza kama kuku. Kwa hiyo timu hujipanga kwa daraja, kuanzia ya kwanza hadi ya tano. Wa kwanza huitwa mbebaji, kwa kuwa siku ikiwa ngumu yeye ndiye atakayewabeba wenzake. Dhahabu ni yake kwanza. Wa tano ni msaidizi. Yeye huokota makombo.

Kazi ya msaidizi haiishi. Humlinda mbebaji tangu angali mchanga. Hupigwa mapigo yaliyokusudiwa mwingine. Na kwa kuwa uwanja huwa giza mahali popote timu haina mtu wala mnara, yeye ndiye apitaye kwa hatari akapanda macho ya ulinzi, yaani vitu vidogo vinavyowaonyesha wenzake adui anakopita. Kwa miaka mingi katika Dota 2 msaidizi aliyanunua macho hayo kwa dhahabu yake mwenyewe, hiyo hiyo kidogo. Mchezo ukiisha, orodha hutokea kwenye kioo ikionyesha nani aliua wangapi na nani alikusanya kiasi gani. Jina lake aghalabu huwa la mwisho.

Timu yetu ya Muthangari ilikutana katika likizo ya Agosti, mwaka 2018. Wanne tulikuwa majirani, na kila mmoja wetu alikuwa na kompyuta kwao. Wa tano alikuja kwa miguu kutoka Kangemi, akiifuata barabara ya James Gichuru, akatumia kompyuta ya kuazima. Tulimpa nafasi ya tano. Sikumbuki kwamba tulikaa tukashauriana juu ya jambo hilo. Yeye alikuwa mgeni, chombo hakikuwa chake, na mpole hapingi, ikawa ndivyo. Mimi nilikuwa mbebaji.

Siku moja tulikuwa tukishinda. Nikamwona adui mmoja amejeruhiwa, anakimbilia msituni. Minara miwili ilikuwa wazi mbele yangu, lakini nilimtaka yule mtu, maana angekuwa wa ishirini katika hesabu yangu. Nikamfuata. Wenziwe wanne walikuwa wakiningoja gizani. Nilipokuwa nikihesabu sekunde za kufufuka, waliivunja ngome yetu yote. Mgema akisifiwa tembo hulitia maji; nami, msomaji, nilikuwa nimesifiwa wiki nzima.

Nilimgeukia msaidizi. Nilisema, mbele ya wote, "Macho yako wapi? Kazi yako hapa ni nini?" Hakujibu neno. Alizima kompyuta kwa adabu, akavaa viatu mlangoni, akaenda zake. Kesho yake hakuja, wala kesho kutwa.

Mchezo ule huhifadhi kumbukumbu ya kila pambano, na mtu aweza kulitazama tena. Siku ya tatu tulilitazama. Jicho lilikuwapo, limepandwa mahali pale pale panapostahili, dakika mbili kabla ya kufa kwangu. Maadui wanne walionekana dhahiri katika ramani ndogo iliyo pembeni mwa kioo. Zaidi ya hayo, msaidizi alikuwa ameigonga ramani mara tatu kunionya. Sikuitazama. Nilikuwa nikimtazama wa ishirini wangu.

Yamkini utasema, "Huo ni utoto, wamegombana kwa sababu ya mchezo." Nakubali kuwa dhahabu ile haikuwa dhahabu. Lakini aibu aliyoondoka nayo mwenzetu kwa barabara ya James Gichuru ilikuwa aibu ya kweli, na ukimya wetu wanne ulikuwa ukimya wa kweli. Mgawo wa kuigiza waweza kuzaa dhuluma isiyo ya kuigiza. Tena yafaa kuukumbuka mpango wa chumba kile: mwenye kidogo nje ya mchezo ndiye tuliyempa kidogo ndani ya mchezo, na hakuna aliyeona ajabu.

Je, basi mpango wenyewe ndio mbaya? Kwa siku kadhaa niliamini hivyo. Nilijiambia kwamba haki ni usawa, na kwamba timu ya haki ingegawana kila askari kwa mafungu matano. Lakini timu hiyo ingeshindwa na kila mtu, msaidizi wake pamoja naye. Usawa unaowapeleka wote kwenye kushindwa ni zawadi ngumu kumpa mtu. Hapana, kosa halikuwa katika kipimo cha dhahabu.

Usiku wa kuamkia tarehe 26 mwezi ule ule tulitazama fainali ya mashindano makuu ya Dota 2, yaliyofanyika Vancouver, Kanada. Timu ya OG ilikuwa imeachwa na wachezaji wake wawili miezi mitatu kabla, ikalazimika kumchukua mwalimu wake kuwa mchezaji, na kupitia mchujo wa wazi ili ipate nafasi. Watu wachache waliitazamia. Iliishinda PSG.LGD michezo mitatu kwa miwili, na mwaka 2019 ikatwaa tena kombe hilo huko Shanghai, ikawa timu ya kwanza kulitwaa mara mbili. Lililonishika mimi ni jambo jingine. Nahodha wa timu ile, Johan Sundstein, alicheza nafasi ya tano. Mkuu wa timu ndiye aliyekuwa maskini wa timu. Aliyekuwa na sauti ya kuamua nani ale, alijiweka mwenyewe mwisho wa sahani. Nafasi ni ile ile tuliyompa mgeni wetu, makombo ni yale yale, na bado hakuna mtu duniani angesema kwamba Sundstein alidhulumiwa.

Tofauti iko wapi? Naona iko katika mambo mawili. Moja ni kuwa Sundstein aliikubali nafasi hiyo ilhali angeweza kuikataa. La pili ni kuwa mbebaji wake alijua dhahabu aliyoibeba ni amana. Kenya ina mfano wake ulio mashuhuri zaidi. Tarehe 12 Oktoba 2019, mjini Vienna, Eliud Kipchoge alikimbia kilomita 42 na kitu kwa saa 1, dakika 59 na sekunde 40. Wakimbiaji 41 walipokezana kumkinga upepo na kumshikia mwendo, na wengi wao walikuwa mabingwa kwa haki yao wenyewe. (Kwa sababu ya kupokezana huko, muda ule haukuandikwa kuwa rekodi rasmi ya dunia.) Karibu na mwisho walijirudisha nyuma, wakamwacha apite mstari peke yake, huku wakimshangilia. Walikuwa wameombwa, wakakubali, na kila mmoja alijua anachokitoa na anakitoa kwa ajili ya nini. Naye Kipchoge hakuacha njia kumfukuza mtu msituni.

Kuna mchezaji mwingine wa ajabu ambaye hana budi kutajwa. Kampuni ya OpenAI ya Marekani ilitengeneza programu ya kucheza Dota 2, ikaiita OpenAI Five. Ilijifunza kwa kucheza na nafsi yake, michezo ya kila siku moja ikilingana na miaka 180 ya mwanadamu, na tarehe 13 Aprili 2019, mjini San Francisco, iliishinda OG yenyewe michezo miwili kwa sifuri. Waliotengeneza programu hiyo walikutana na swali letu kwa sura ya hesabu: kila shujaa atuzwe kwa faida yake mwenyewe, au kwa faida ya timu? Wakaweka kipimo walichokiita moyo wa timu, kuanzia sifuri hadi moja. Mwanzoni walikiweka chini, ili kila shujaa ajifunze kwanza kujitunza, kwa kuwa tuzo ikichanganywa mapema mno haijulikani ni tendo gani lililoileta. Kisha wakakipandisha kidogo kidogo kuelekea moja.

Nimeufikiria mpango huo mara nyingi. Unafundisha kweli moja: asiyejua kujilinda hana msaada mkubwa wa kumpa mwenzake, na msaidizi anayekufa ovyo si mkarimu. Lakini mashine haikuulizwa. Kipimo kilipandishwa na mkono wa nje, na hakuna hata mmoja kati ya mashujaa watano aliyepoteza kitu. Msaidizi wa mashine hafedheheki. Kwa hiyo ushindi wake hautujibu sisi. Unatuonyesha tu kwamba timu yaweza kupangwa vizuri sana bila ya mtu yeyote ndani yake kumtendea mwenzake wema.

Wiki ile baada ya fainali nilikwenda Kangemi. Nilimkuta mwenzetu akisaidia kupanga mizigo kwenye kibanda cha mama yake. Nilikuwa nimetayarisha maneno mengi ya kuomba radhi juu ya jicho, na ramani, na wa ishirini wangu. Alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema kwamba jicho si kitu, kila mtu hukosa kutazama ramani. "Lakini hamkuniuliza hata siku moja," alisema.

Aliporudi Muthangari tulimwuliza. Alisema anataka kuwa mbebaji. Hakuwa ameizoea kazi hiyo, nasi hatukuwa tumezoea kumtumikia; mimi nilipewa nafasi ya tano, nikapanda macho mahali pasipo na maana. Tulishindwa mchezo wa kwanza, na wa pili, na wa tatu, tena vibaya. Hakuna aliyelaumu mtu. Kabla ya mchezo wa nne mmoja wetu aliuliza ni nani atakayechukua nafasi ya tano, na kwa muda mrefu chumba kizima kilinyamaza.