Kitunguu nilikitoa

Mama mkwe wangu alifika Tanga kutoka Pangani na mkoba mdogo: khanga doti mbili, dawa ya macho, na karatasi iliyokunjwa mara nne. Kwa miaka alikuwa anateswa na tumbo. Leo limefunga, kesho linaharisha, na jioni linajaa gesi mpaka khanga haikai kiunoni. Vipimo havikuonyesha vidonda wala minyoo. Mwishowe mtaalamu wa lishe akamwandikia vya kuacha kwa wiki chache, kisha avirudishe kimoja kimoja aone kipi kinamchokoza: maharage, mbaazi, chapati, maziwa, maembe, tikiti maji. Juu kabisa, kwa kalamu nyekundu: kitunguu maji na kitunguu saumu.

Sasa mwambie mwanamke wa Pwani apike mchuzi bila kitunguu! Kwetu kitunguu hata hakihesabiwi kuwa kiungo. Ndicho sufuria inachoanzia.

Nami nikaona hapa ndipo pa kuonyesha ufundi. Nimewahi kufanya kazi katika jiko la hoteli Unguja, na huko nilijifunza cioppino, mchuzi wa wavuvi wa Kiitaliano waliohamia San Francisco karne ya 19: kaa, kome, kamba na samaki wowote wa siku hiyo, vikipikwa kwa nyanya na mvinyo. Kwangu mvinyo ukatoka, likaingia tui jepesi, tangawizi, manjano na ndimu. Asubuhi nikashuka soko la samaki la Deep Sea, nikarudi na kolekole, ngisi wawili na kamba nusu kilo. Hao hawakunitia shaka, maana nyama ya samaki, kamba na ngisi karibu haina kabisa sukari ya kwenda kuchachuka tumboni.

Nilichokihofia ni mchuzi kupooza. Ndipo nikakumbuka ujanja wa hotelini. Wapishi waliofundishwa Kifaransa humenya kitunguu, hukichomeka karafuu kikiwa kizima, hukitosa kwenye supu kichemke taratibu, kisha hukiopoa. Mlaji anapata harufu bila kukutana na kipande. Nikasema, shida imekwisha. Nikakitosa kimoja kikubwa pamoja na vichwa vya samaki, na punje tano za kitunguu saumu nikazifunga kwenye kitambaa safi kama mtu anayefunga sadaka. Vikachemka saa nzima.

Wakati wa kupakua nilikiopoa mbele yake. Kilikuwa kimelegea, rangi imegeuka ya manjano, karafuu bado zimesimama mgongoni.

"Tazama mama, kitunguu hiki hapa. Hutakula hata kipande."

"Ahsante mwanangu, umehangaika."

Alikula sahani mbili.

Saa tatu usiku nilipopita mlangoni kwake nilimwona amekaa ukingoni mwa kitanda, khanga ameilegeza, mkono mmoja ameukandamiza chini ya kitovu. Aliponiona akaunyanyua upesi, akajifanya anatafuta miwani. Akaomba maji ya moto, basi. Mama mkwe mwenye adabu zake hamwambii mkamwana kwamba chakula chake kimemdhuru, na ule ukimya uliniuma kuliko lawama.

Asubuhi jirani akatoa hukumu bila kuulizwa: kamba hao, wanajulikana. Kwa siku mbili na mimi nikawaonea kamba wa watu.

Kumbe kosa lilikuwa kwenye maji. Kitu cha kwenye kitunguu kinachowasumbua watu wa aina hii kinaitwa fruktani, nacho ni mnyororo wa sukari. Mwili wa binadamu hauna kimeng'enya cha kuukata. Si wake tu, hata wangu na wako. Unapita utumbo mwembamba bila kusagwa, unafika utumbo mpana, bakteria wanauchachusha, gesi inajaa. Wengi wetu tunaimudu, lakini kwa mwenye utumbo mwepesi wa kuhisi, gesi hiyo hiyo ni maumivu. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Monash, Melbourne, ndio waliokusanya fruktani na sukari nyingine za tabia hiyo katika kundi moja, wakaliita FODMAP, na jina hilo likachapishwa mwaka 2005. Fruktani huyeyuka kwenye maji. Kwenye mafuta haiyeyuki.

Ukitaka kuliona jambo hili kwa macho, chukua glasi mbili, moja ya maji na moja ya mafuta ya alizeti, utie kijiko cha sukari kila moja, ukoroge. Kwenye maji hutaiona tena. Kwenye mafuta koroga mpaka mkono uchoke. Ukiacha tu, imetulia chini vile vile.

Basi saa nzima nzima nilikuwa nakikamulia kitunguu ndani ya supu, kisha nikatupa makapi na kumpa mgeni maji yake.

Jumamosi nikaanza upya, safari hii kwa mafuta. Kitunguu saumu nilikipasua mawili, nikakiacha kwenye moto mdogo mpaka kingo zikawa kahawia, nikaviopoa vipande vyote kwa kijiko cha matundu kabla nyanya, tui au tone la maji halijaingia sufuriani. Majani ya kitunguu nilikata ya kijani tu, sehemu nyeupe nikaiweka kando. Nusura niharibu tena: kidonge cha supu kilikuwa tayari kimefunguliwa mkononi, nikaamua kusoma zile herufi za mchwa kwenye karatasi yake. Unga wa kitunguu! Kikarudi kabatini.

Pengo la kitunguu nikaliziba kwa mvuje, chembe tu, kwa sababu mvuje wa dukani mara nyingi huchanganywa na unga, na pengine ni wa ngano. Mama mkwe akanusa, akacheka.

"Huu si ule tunaowafungia watoto kwa ajili ya mashetani?"

"Ndio huo huo, mama. Wahindi wasiokula kitunguu kwa sababu ya dini wanaupikia."

Yalibaki mafuta nusu kikombe. Nilitaka kuyatia chupani pamoja na vipande vyake yakae rafuni, na ninashukuru sikufanya. Kitunguu saumu kilichozama kwenye mafuta kwenye joto la jikoni hakipati hewa, na bakteria wa botulizimu wanapenda hivyo hasa. Sumu yao haina harufu. Vancouver, Kanada, mwaka 1985, watu walilazwa kwa sababu ya chupa za namna hiyo. Tengeneza ya siku, yaishe siku hiyo.

Asubuhi nilimkuta jikoni amenitangulia, anachovya muhogo wa kuchemsha kwenye kiporo alichokipasha mwenyewe.

"Jana hukunionyesha ulichokitoa," akasema.

Nikamwambia amuulize mwanawe. Vile vipande vilivyokauka kwa mafuta alivimaliza usiku kwa chumvi, amesimama mbele ya jokofu, na bado ananuka.