Binti Mtu Mzima Aulizwe Mwenyewe

Mtu anapokamatwa, na kila kituo cha polisi kikakana kuwa naye, jamaa zake hukimbilia mahakamani kuomba amri ya habeas corpus: aliyemshika amlete mbele ya jaji, aeleze anamzuilia kwa sheria gani. Mjini London mwaka 1772, amri hiyo ndiyo iliyomwokoa James Somerset, mtumwa aliyekuwa amefungwa minyororo melini ili akauzwe Jamaica. Katiba ya Kenya ya 2010, Ibara ya 25, imeiweka miongoni mwa haki nne zisizopunguzwa kwa sababu yoyote.

Nchini India amri hiyo huombwa pia na baba ambaye binti yake, mtu mzima, ameolewa na mwanamume asiyetakiwa nyumbani. Mume naye huiomba, akilalamika kwamba wakwe wamemfungia mkewe. Silaha ya kufungua magereza imeingia sebuleni.

Kesi ya Kerala hainitoki akilini. Binti wa miaka 24, aliyesomea udaktari wa homeopathia, alitoka katika Uhindu akasilimu, kisha akaolewa na Mwislamu wakati ombi la baba yake likiwa bado mahakamani. Mei 2017, Mahakama Kuu ya jimbo hilo ilibatilisha ndoa na kumrudisha kwa wazazi. Majaji waliona kwamba binti wa umri huo ni dhaifu, anaweza kurubuniwa, na kwamba uamuzi mzito kama ndoa hauwezi kufanywa bila wazazi. Akakaa kwao miezi, polisi wakilinda mlango. Amri iliyotungwa kumtoa mtu kifungoni ikawa ndiyo iliyomfungia.

Novemba mwaka huohuo alisimama mbele ya Mahakama ya Juu mjini Delhi. Alipoulizwa anataka nini, alijibu kwamba anataka uhuru wake. Machi 8, 2018, mahakama hiyo iliirudisha ndoa yake. Sababu zake zilikuwa wazi: katika ombi la namna hii, kazi ya jaji ni kujua kama mtu amezuiliwa kinyume cha sheria. Akiwa mtu mzima, akija mwenyewe na kusema yuko huru, jaji hana mamlaka ya kumpimia mume.

Uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi, nami ni baba wa mabinti. Simdharau baba yule. Mwanao anapobadili dini, akahama, akaolewa na usiyemjua, hofu haikuachi ulale. Lakini hofu ya mzazi, hata ikiwa ya kweli kiasi gani, haimpi umiliki juu ya mtu mzima. Na kama kuna shaka ya uhalifu, polisi wachunguze uhalifu. Ndoa na hiari ya binti ni jambo lingine.

Nimekaa katika vikao vingi vya posa. Mshenga huulizwa ukoo, dini, kazi na tabia za kijana. Mahari hujadiliwa mpaka chai inapoa. Binti yuko chumba cha pili, na mara nyingi huulizwa mwisho, mbele ya wazee, pale ambapo kusema "hapana" ni kuwaaibisha wote. Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya 1971 inaitambua ndoa kuwa muungano wa hiari. Hiari gani hiyo, kama jibu limeshaandaliwa na wengine?

Mzazi ana haki ya kushauri, kuonya, hata kukataa kuhudhuria harusi. Binti naye ana haki ya kusikiliza yote hayo kisha akaamua, na akikosea, kosa ni lake. Tumwulize mapema, faraghani, nasi tukiwa tayari kulipokea jibu tusilolipenda. Baba anayefanya hivyo hupata nafasi ya kuwa mtu wa kwanza ambaye binti atamkimbilia ndoa ikimshinda. Nafasi hiyo hakuna jaji awezaye kuitoa kwa amri.