Ua Lisilo na Soko

Mji Mkongwe unayapima maua kwa pua na kwa mzani. Asumini huchumwa ingali tumba ili ichanue usiku kwenye kikuba, pamoja na mkadi na mrehani; mlangilangi hutolewa mafuta; na karafuu, iliyoutajirisha mji huu katika karne ya 19, ni ua tunalolianika kabla halijafunguka, maana likifunguka thamani imekwenda. Kwa vipimo hivyo, Impatiens kilimanjari si chochote. Ni ua dogo jekundu lenye manjano, na nyuma lina mkia uliojikunja, wenye maji matamu anayoyafuata ndege chozi. Huota chini ya mipodo katika misitu yenye unyevu ya Kilimanjaro, zaidi ya mita 2,000 juu ya bahari. Tunda lake likiiva, ukiligusa tu hupasuka na kurusha mbegu. Nje ya mlima ule halioti kiasili popote duniani, na kwangu hiyo ni sababu tosha ya kulilinda, hata kama sokoni Darajani halitauzwa milele.

Mtu ataniambia Unguja na Kilimanjaro wapi na wapi, tena kwa ua lisiloliwa. Basi tumtazame kima punju, ambaye wakulima walimwona mharibifu wa mazao. Leo msitu wake wa Jozani ni hifadhi ya taifa, tangu 2004, na wageni hulipa kumwona. Atajibu kwamba kumbe ni watalii waliomwokoa, na ua nalo lisubiri wateja wake. Hapo ndipo tunapoachana. Mwaka 1892 ofisa wa Kijerumani, Walter von Saint Paul-Illaire, alipeleka kwao ua la zambarau kutoka Usambara. Limepata wateja kuliko ua lolote la nchi hii, limejaa madirishani Ulaya na Marekani, na bado jamaa zake kadhaa wa porini wako hatarini kwa sababu misitu yao inafyekwa. Soko lililiokoa ndani ya chungu; msituni halikufika.

Kinacholinda ua ni msitu wake. Wa Kilimanjaro uliingizwa ndani ya hifadhi ya taifa mwaka 2005, jambo jema, ila gharama yake hatuilipi sisi tunaokula urojo Forodhani. Wanailipa wanavijiji wa kando ya msitu, waliokuwa wakipata humo kuni na majani ya ng'ombe. Viingilio vya wapanda mlima viwafikie hao kwanza.